Muhtasari, mhuri na mkutano mkuu: wajibu wa viongozi wa kijiji na namna ya kuwawajibisha

Kijiji cha Tanzania kina vyombo viwili, na migogoro mingi huanzia pale watu wanapovichanganya. Mkutano mkuu wa kijiji ni wa kila mkazi aliyefikisha miaka 18. Halmashauri ya kijiji ina wajumbe 15 hadi 25, wakiwemo mwenyekiti wa kijiji na wenyeviti wa vitongoji. Kifungu cha 141 cha Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya), Sura ya 287, kinaupa mkutano mkuu mamlaka ya juu kwenye sera zote za kijiji, pamoja na uwezo wa kuchagua wajumbe na kuwaondoa. Kwa hiyo mwenyekiti aliyeshinda Novemba 2024 amepewa kazi ya miaka mitano. Kijiji bado ni cha wenyewe.

Mtendaji wa kijiji ni habari nyingine. Ameajiriwa, na ndiye katibu wa vikao. Akikosea, malalamiko yanakwenda kwa mwajiri wake wilayani. Kura ya mkutano mkuu haimfukuzi.

Halmashauri hukutana kila mwezi, mkutano mkuu kila baada ya miezi mitatu. Kiongozi mpya aandike tarehe nne za mikutano mikuu ya mwaka mzima kwenye ubao wa matangazo wiki yake ya kwanza kazini. Mkutano usipoitishwa, anayeumia kwanza ni yeye mwenyewe, maana kila alichoamua baada ya hapo hakina mahali kiliporipotiwa.

Sasa muhtasari, yaani kumbukumbu zilizoandikwa za kikao. Hapa ndipo uongozi unaposimama au kuanguka, kwa sababu mbele ya baraza la ardhi au mahakama hakuna atakayeuliza nani alikuwa na sauti kubwa mkutanoni, wataomba karatasi. Muhtasari unaofaa una tarehe, mahali, saa ya kufungua na kufunga, idadi ya waliohudhuria, ajenda kwa namba, na chini ya kila ajenda: nani aliwasilisha, hoja zilizotolewa, uamuzi, na kura ngapi kila upande. Mwenyekiti na katibu wanasaini kila ukurasa, wala si wa mwisho tu. Kikao kinachofuata kinausoma na kuuthibitisha kabla ya kuingia kwenye yatokanayo, yaani mambo yaliyotokana na kikao kilichopita.

Udanganyifu wa kawaida uko kwenye karatasi ya mahudhurio. Inazungushwa ikiwa tupu juu, watu wanasaini wakidhani ni ya mkutano wa maji, halafu inabanwa nyuma ya muhtasari wa kugawa ardhi. Kinga yake ni rahisi: kila ukurasa uandikwe juu tarehe na ajenda kabla ya sahihi ya kwanza, mistari ipewe namba, na chini ya jina la mwisho pachorwe mstari wa kufunga. Usisaini karatasi isiyo na kichwa, hata akikuletea ndugu yako.

Kwenye ardhi sheria ni kali zaidi. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, Sura ya 114, kifungu cha 8, inaitaka halmashauri isimamie ardhi ya kijiji kama mdhamini anayetunza mali ya wengine. Haiwezi kugawa ardhi wala kutoa hakimiliki ya kimila, yaani haki ya mtu kumiliki ardhi ya kijiji, bila idhini ya mkutano mkuu iliyotangulia. Neno "iliyotangulia" lina uzito wake: kugawa leo na kuomba baraka mwezi ujao ni kosa, hata kama wote watanyoosha mikono. Maombi ya ardhi yaamuliwe ndani ya siku 90, na ombi la mwanamke lisipewe uzito mdogo kuliko la mwanaume. Halmashauri pia inatakiwa kutoa taarifa ya ardhi katika kila mkutano mkuu wa kawaida.

Halafu kuna ile asilimia kumi inayodaiwa na kiongozi anapogonga mhuri kwenye mauziano ya shamba. Haimo kwenye Sheria ya Ardhi ya Vijiji. Mwulize anayeidai akuonyeshe sheria ndogo iliyopita mkutano mkuu na kuidhinishwa na halmashauri ya wilaya, kisha akupe risiti. Akikosa hata kimoja, hilo ni ombi la rushwa.

Fedha: hakuna mchango bila risiti, hakuna matumizi bila kikao kilichoyapitisha, na taarifa ya mapato na matumizi ya kila robo mwaka ibandikwe ubaoni ikiwa na salio la benki. Taarifa inayosema tu "ujenzi wa darasa" haitoshi. Iandike mifuko ya saruji, bei, na nani alipokea.

Mambo yakienda kombo, uliza kwanza mkutanoni na hakikisha swali lako limeandikwa. Ukinyimwa majibu, andika barua ya kuomba taarifa kwa Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016. Jibu linapaswa kutoka ndani ya siku 30. Harufu ya rushwa ipeleke TAKUKURU, taasisi ya kuzuia na kupambana na rushwa, simu ya bure 113. Wizi na matumizi mabaya ya madaraka haviishi kwa kuondolewa kwenye kiti. Kifungu cha 31 cha Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa, cha matumizi mabaya ya madaraka, kinamhusu mwenyekiti kama kinavyomhusu ofisa wa wilaya.

Kwa ardhi ipo njia yenye nguvu ambayo wengi hawaijui. Wanakijiji wasiopungua 100 wakilalamika kwa halmashauri ya wilaya juu ya usimamizi wa ardhi ya kijiji, wilaya inalazimika kulishughulikia. Kusanya majina 130, kwa kuwa yatakatwa yaliyojirudia na ya wasio wakazi. Kila mstari uwe na jina kamili, kitongoji, na sahihi au dole gumba. Peleka nakala mbili, na moja irudi nawe ikiwa imegongwa mhuri wa kupokelewa wenye tarehe.