Vitambaa vya Kochi: Kumpiga Filamu Mtu Asiyetaka Kujulikana

Filamu yangu ya kwanza kuhusu mtu mwenye jinsia mbili niliipiga Mombasa, kamera moja na maiki ya kubana shatini. Uso niliufunika ukungu kwenye kompyuta, nikajiona nimemaliza. Siku ya kuwaonyesha marafiki wachache sebuleni kwangu, mama mmoja akainama mbele: "Si vitambaa vya kochi vya kwa nanihii hivi?" Vya kufuma kwa mkono, rangi ya chungwa. Nikafunga kompyuta palepale.

Sasa naficha kabla ya kupiga, si baada. Azima chumba mtaa mwingine. Piga kivuli ukutani, au mgongo, lakini pete na kovu la mkononi viangalie. Usitegemee kuikoroga sauti kwa programu. Mpe mtu mwingine asome maneno yake. Sikiliza pia nyuma ya sauti: utingo akitaja stendi dirishani, mtaa umeshajulikana. Na simu uliyorekodia, zima ile sehemu inayoandika mahali ulipo.

Ridhaa iombwe kwa Kiswahili, tena mara ya pili baada ya kuiona filamu. Hapo ndipo watu hughairi. Akighairi, futa mbele yake, usibembeleze.

Mfadhili akiuliza hao watu wako wapi, sensa ya Kenya ya 2019 iliwahesabu 1,524. Maonyesho nayo yapigie hesabu mapema: mwaka 2021 bodi ya filamu ya Kenya ilipiga marufuku I Am Samuel, iliyohusu mapenzi ya wanaume wawili.

Kisha lugha. Muulize mhusika wako anajiitaje. Pwani utasikia huntha, na wapo linaowachoma. Wala usimchanganye na aliyelelewa kama mvulana ilhali anajijua ni mwanamke. Hiyo ni habari nyingine. Kiswahili kinatusitiri, maana "amekuja" haisemi mume wala mke. Balaa ni tafsiri ya Kiingereza chini ya picha, inayodai jinsia kila mstari. Mfasiri wangu alimfanya mhusika wangu mwanamume mwanzo hadi mwisho bila kuuliza. Tulikesha siku mbili tukirekebisha.

Maneno ya undugu ndiyo yanayoponyoka. Katikati ya mahojiano mpwa wa mhusika wangu alichungulia mlangoni: "Anti, chai imepoa." Nilitaka kuikata. Nikamuuliza mwenyewe kwanza. Akacheka, akasema iache hiyo, ukate pale ninapokohoa.