SOMO: Umechelewa kukata rufaa ya madai? Soma hapa kabla ya kunifuata inbox

Kila hela ya korosho ikitoka ujumbe unamiminika: "Ndugu, nilishindwa kesi ya shamba mwaka juzi, nikate rufaa?" Nimechoka kujibu mmoja mmoja. Mimi ni msaidizi wa kisheria, si wakili. Pakikaza, mtafute wakili.

1. Hakikisha kweli umechelewa. Mahakama ya Mwanzo kwenda ya Wilaya ni siku 30. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwenda Mahakama Kuu ni 45, kama shauri lilianzia hapo barazani. Siku ya hukumu yenyewe haihesabiwi.

2. Usipeleke rufaa. Itatupwa. Unaanza na maombi ya kuongezewa muda.

3. Peleka kule rufaa inakokwenda. Ya Mwanzo, omba Mahakama ya Wilaya. Ya Baraza, omba Mahakama Kuu, kanda inayohudumia mkoa wako, Lindi au Mtwara.

4. Andaa hati ya maombi na kiapo, ukaape mbele ya kamishna wa viapo. Tarehe na mahali pa kuapia viwepo.

5. KIAPO. Hapa ndipo watu wanapozikwa. Mahakama haiulizi kama ulionewa, inauliza ulikuwa wapi. Shauri la Lyamuya Construction (maombi namba 2 ya 2010, Mahakama ya Rufani) ndilo kila hakimu na jaji anatembea nalo: eleza muda wote wa kuchelewa, usiwe umepitiliza mno, onyesha ulihangaika na hukuzembea, au kuwe na sababu nyingine nzito kama uvunjaji wa sheria ndani ya hukumu. Na muda wote maana yake hata siku moja.

Mtu anaandika "niliugua kwa muda mrefu", basi. Hiyo haina kichwa wala miguu. Andika: "Tarehe 4 Machi nililazwa, nikaruhusiwa tarehe 19 Machi, cheti nimeambatanisha kama A-1." Halafu, na hapa ndipo wengi wanaponasa, kuanzia tarehe 20 mpaka unafungua maombi ulikuwa unafanya nini? Nimeona maombi yenye ugonjwa wa kweli na karatasi za hospitali yakianguka kwa wiki mbili za baada ya kupona ambazo hakuna aliyezisemea.

Onyo la pili: ukisema "karani aliniambia nakala haijatoka", karani huyo naye aape. Bila kiapo chake ni maneno ya kusikia tu.

6. Lipia, mpe nakala mjibu maombi (yule mliyeshindana naye), hudhuria.

MASWALI

Mwana_Newala: Mkuu mimi nimechelewa miaka miwili nifanyeje

— Hatua ya 5. Sababu yako nini?

Mwana_Newala: Sikujua sheria

— Kutojua sheria si sababu.

Mwana_Newala: Sasa wewe unasaidia nini?

— Nimekuokolea ada na nauli.

Kaka_Kilwa: Mei 2024 Kimbunga Hidaya kilikata barabara pale Somanga. Si sababu hiyo?

— Ni sababu kwa siku zile barabara ilipofungwa, kama kweli safari yako ilipita pale. Hakimu atakuuliza pia kwa nini hukutuma kwa mtandao. Kuchelewa kwa mwezi wa saba hakumo.

Mama Nachingwea: Shikamoo mwalimu. Hukumu ya Baraza nimepewa nakala baada ya miezi miwili. Nami nimechelewa?

— Marahaba mama, swali zuri sana. Siku za kusubiri nakala zinaondolewa kwenye hesabu kwa Sheria ya Ukomo, Sura ya 89. Kama tarehe uliyoomba na uliyopewa zinaonekana kwenye karatasi, huenda hujachelewa kabisa, na unaweza kwenda moja kwa moja na rufaa. Kwa hiyo omba nakala kwa barua, igongwe muhuri. Ila kwa kesi zilizoanzia Mahakama ya Mwanzo usijipe moyo huo: rufaa zake hazilazimiki kuambatana na nakala, siku 30 zinakimbia tu.

Mtoto wa Ruangwa: Wakili wangu ndiye alizembea. Mimi nina kosa gani?

— Nimeshajibiwa hivyohivyo na watu kumi kabla yako. Uzembe wa wakili kwa kawaida haukubaliki. Ulimfuatilia lini? Onyesha.

Mtoto wa Ruangwa: Na hukumu yenyewe ni batili, sikusikilizwa hata kidogo.

— Hapo ungeanzia! Tangu kesi ya Valambhia ya 1992, kosa la kisheria linaweza kutosha peke yake, lakini lionekane waziwazi kwenye kumbukumbu, si la kuchimbua kwa hoja ndefu. Kunyimwa haki ya kusikilizwa ni la uzito huo. Liandike ndani ya kiapo.

Mama Nachingwea: Na shamba, wakija kukaza hukumu, yaani kuitekeleza, huku maombi yapo?

— Maombi hayazuii kukaza hukumu, mama. Zuio linaombwa peke yake, na mapema, dalali wa mahakama hajafika kwenye mikorosho. Jingine: risiti za mashine hufutika maandishi. Toa kopi siku hiyohiyo uliyolipa.