Jinsi ya kupima mshororo wa tamthilia ya Kigiriki, silabi kwa silabi

Aliyelelewa na utenzi na shairi akifungua Antigone ya Sophocles kwa Kigiriki, jambo la kwanza atakalofanya ni kuhesabu mizani kwa vidole. Hesabu itamkatalia. Mshororo huu una silabi 12, ule una 13, na vina havionekani popote. Vidole havina kosa. Mizani ni chombo cha dukani cha kupimia uzito, ila sisi katika ushairi tumelifanya neno la kuhesabia: kila silabi ni moja, iwe "m" ya mtu au "nywa" ya kunywa. Washairi wa Athens walipima uzito hasa. Kwao silabi ni nzito au nyepesi, na mshororo ni mpangilio wa uzito huo.

Mwongozo huu unahusu kwanza mishororo ya mazungumzo, ile inayoitwa trimita ya ayambi, kwa sababu ndiyo inayobeba sehemu kubwa ya kila tamthilia. Aristotle alisema ayambi ndiyo inayokaribia zaidi maongezi ya kawaida. Ukishaishika, nyimbo za korasi, yaani kundi la waimbaji wa tamthilia, zitakufungukia. Ukianza na nyimbo, utakata tamaa wiki ya kwanza.

Andaa matini yenye namba za mishororo, kamusi inayoonyesha urefu wa irabu, penseli, na karatasi uliyoichora visanduku 12 kwa mstari. Penseli, si kalamu ya wino, maana utafuta sana. Hapa nitaandika Kigiriki kwa herufi za Kilatini: ē na ō ni irabu ndefu, e na o ni fupi. Alama – ni silabi nzito, ∪ ni nyepesi, × ni nafasi inayokubali yoyote kati ya hizo mbili.

Kalibu

× – ∪ –   × – ∪ –   × – ∪ –

Vipande vitatu vya nafasi nne nne. Usikariri kama wimbo. Kariri nguzo zake. Nafasi ya 3, ya 7 na ya 11 ni nyepesi daima. Nafasi ya 1, ya 5 na ya 9 ziko huru. Zilizobaki zote ni nzito. Ukipotea katikati ya mshororo, tafuta nguzo za 3, 7 na 11, kisha rudi nyuma.

Hatua ya 1: Unganisha maneno

Tuchukue mshororo wa kwanza kabisa wa Antigone, pale Antigone mwenyewe anapomwita dada yake:

Ō koinon autadelphon Ismēnēs kara

Maana yake ni "Ee kichwa cha Ismene, ndugu yangu wa tumbo moja". Na ni tumbo hasa: neno la Kigiriki la ndugu, adelphos, limetokana na delphys, yaani tumbo la uzazi.

Sasa sahau mipaka ya maneno. Sikio la Mgiriki lilisikia mshororo kama uzi mmoja, hivyo andika: ōkoinonautadelphonismēnēskara. Ukikuta alama ya mkato wa juu, kama katika mwanzo wa Medea ya Euripides (Eith' ōphel' Argous), ujue irabu ya mwisho imeshadondoshwa. Usiirudishe.

Hatua ya 2: Kata silabi

Konsonanti moja kati ya irabu mbili huenda na irabu inayofuata. Zikiwa mbili, moja hubaki nyuma na nyingine husonga mbele. Tunapata:

ō · koi · no · nau · ta · del · pho · nis · mē · nēs · ka · ra

Angalia "n" ya koinon ilivyohama na kuwa kichwa cha "nau". Hapa ndipo wanaoanza huteleza, kwa kuogopa kuligusa neno.

Mitego miwili inamsubiri msomaji wa Kiswahili hasa. Wa kwanza ni irabu pacha. Kwetu "koi" ni mizani mbili, ko-i, na "au" ni a-u. Katika Kigiriki ai, ei, oi, au, eu na ou ni silabi moja, tena nzito. Ukikata Kiswahili, mshororo huu utakupa silabi 14 na kalibu nzima itavunjika. Mtego wa pili ni rahisi zaidi: ph, th na kh ni sauti moja moja, kama sh na dh zetu, kwa hiyo zihesabu konsonanti moja. Kinyume chake z, ks na ps katika Kigiriki ni herufi moja moja, lakini huhesabiwa konsonanti mbili.

Hatua ya 3: Pima uzito

Silabi ni nzito ikiwa na irabu ndefu (ē, ō), ikiwa na irabu pacha, au ikifungwa na konsonanti. Isipokuwa na hata moja kati ya hayo, ni nyepesi.

Herufi a, i na y ndizo zinazosumbua, kwa kuwa maandishi hayaonyeshi kama ni ndefu au fupi. Angalia kamusi. Usikisie kutokana na kalibu, kwa sababu ukikisia utaifanya kila silabi ikubaliane nawe na hutajua ulipokosea. Katika mshororo wetu, "ta" na "ka" zote ni fupi.

ō (–) koi (–) no (∪) nau (–) | ta (∪) del (–) pho (∪) nis (–) | mē (–) nēs (–) ka (∪) ra (–)

Silabi ya mwisho huandikwa nzito hata kama irabu yake ni fupi. Mwisho wa mshororo kuna kituo, na kituo hicho hujaza pengo.

Hatua ya 4: Konsonanti zenye tabia mbili

Hii ndiyo hatua inayostahili muda wako mwingi. Vipasuo (p, t, k, b, d, g, ph, th, kh) vikifuatwa na l, r, m au n, Waathens kwa kawaida waliviacha viende pamoja, na silabi iliyotangulia ikabaki nyepesi. Lakini mshairi alikuwa na ruhusa ya kuvitenganisha na kuifanya nzito. Michanganyiko gm, gn, dm na dn haina hiari hiyo: hufunga silabi siku zote. Ndiyo maana "Kad" ya Kadmou, katika mshororo wa kwanza wa Oedipus Mfalme, ni nzito bila mjadala.

Tazama mshororo wa 1240 wa Antigone. Mjumbe anaeleza alichokiona kaburini: Haemon, mchumba wa Antigone, amekufa, amemkumbatia Antigone aliyetangulia kufa.

Keitai de nekros peri nekrōi ta nymphika

"Amelala, maiti juu ya maiti, na harusi yake..." Sentensi inakamilika mshororo unaofuata, harusi inapopatikana kuzimu. Ukate hivi:

kei (–) tai (–) de (∪) nek (–) | ros (–) pe·ri (∪∪) ne (∪) krōi (–) | ta (∪) nym (–) phi (∪) ka (–)

Neno ni lile lile, nekros, maiti. Mara ya kwanza "kr" imegawanywa, nek-ros, silabi nzito katika nafasi ya 4. Mara ya pili haikugawanywa, ne-krōi, silabi nyepesi katika nafasi ya 7. Maiti mbili zimelala ndani ya mshororo mmoja na hazina uzito sawa. Soma kwa sauti mara tatu uisikie. Anayesema mambo haya ni hesabu kavu hajaufikia mshororo huu.

Hatua ya 5: Silabi zikizidi 12

Mshororo huo huo una silabi 13. Silabi nzito inaweza kupasuliwa kuwa nyepesi mbili, na ndivyo ilivyotokea nafasi ya 6: "pe-ri" imechukua mahali pa silabi nzito moja. Ukihesabu zaidi ya 12, usikimbilie kudhani umekosea. Tafuta nyepesi mbili zinazofuatana mahali nguzo zinapodai nzito, uziandike katika kisanduku kimoja.

Mpasuko huu una faida nje ya usomaji pia. Euripides aliutumia kwa uchache mwanzoni, kisha akauzidisha kadiri miaka ilivyokwenda. Linganisha kurasa mbili za Medea (431 KK) na mbili za Orestes (408 KK) na utaona tofauti kwa macho. Wataalamu huutumia kukadiria miaka ya tamthilia zake ambazo tarehe zake zimepotea.

Hatua ya 6: Pumziko na daraja

Mshororo mzuri una pumziko la ndani, mahali neno linapoishia: ama baada ya nafasi ya 5 au baada ya ya 7. Wanaojua ukwapi na utao hawatashangaa, ila hapa pumziko haligawi mshororo nusu kwa nusu. Katika "Ō koinon autadelphon" liko baada ya 7. Katika mshororo wa maiti liko baada ya 5, mara tu baada ya nekros. Usipoliona katika sehemu zote mbili, rudia hatua ya 2 kabla ya kumlaumu mshairi.

Daraja ni kinyume cha pumziko: mahali ambapo neno haliruhusiwi kukatika. Richard Porson (1759–1808), profesa wa Kigiriki wa Cambridge, aligundua kwamba neno refu likiishia kwenye nafasi ya 9, silabi hiyo ya 9 sharti iwe nyepesi. Katika mshororo wa kwanza nafasi ya 9 ni "mē", nzito, lakini Ismēnēs linaendelea hadi nafasi ya 10, kwa hiyo daraja limesimama. Maneno ya silabi moja hayabanwi na kanuni hii. Wala usiitumie kwa Aristophanes: vichekesho vilivuka daraja hilo vitakavyo.

Hatua ya 7: Soma kwa mdomo

Piga kofi mbili kwa silabi nzito, moja kwa nyepesi. Anza polepole.

Mdomo wetu una mazoea ya kuikaza na kuivuta silabi ya pili kutoka mwisho: ki-taa-bu, m-too-to. Trimita inaishia ∪ –, yaani silabi hiyo hiyo tunayoivuta, nafasi ya 11, ndiyo inayotakiwa kuwa fupi. Ukisema "kaara" badala ya "karaa", umeupindua mwisho, na utaupindua kila mshororo usipojizuia. Dawa yake ni kufanyia mazoezi silabi nne za mwisho peke yake, mē-nēs-ka-ra, mē-nēs-ka-ra, mpaka "ka" ipite upesi bila kusukumwa. Kisha ongeza nne za katikati, halafu mshororo mzima.

Hatua ya 8: Vuka kwenda kwenye wimbo

Utajua umefika kwenye wimbo mishororo inapoanza kutofautiana urefu na irabu ā inapojitokeza mahali ulipozoea ē, kama mātēr badala ya mētēr. Hiyo ni lafudhi ya Kidoria, vazi la nyimbo za korasi. Korasi ya Sophocles ilikuwa na watu 15, waliocheza na kuimba wakisindikizwa na aulosi, zumari ya mirija miwili.

Wimbo hauna kalibu moja ya kukariri. Una kitu bora zaidi: ubeti wa kwanza hujibiwa na ubeti wa pili wenye uzito ule ule, silabi kwa silabi. Mmoja ni kipimo cha mwenzake. Chukua wimbo wa binadamu katika Antigone, kuanzia mshororo wa 332, "vya kutisha na kustaajabisha ni vingi, hakuna kinachompita mtu":

pol (–) la (∪) ta (∪) dei (–) na (∪) kou (–) de (∪) nan (–)
thrō (–) pou (–) dei (–) no (∪) te (∪) ron (–) pe (∪) lei (–)

Ubeti unaojibu unaanza na ndege wepesi wa akili wanaonaswa na binadamu:

kou (–) pho (∪) no (∪) ōn (–) te (∪) phȳ (–) lo (∪) nor (–)
nī (–) thō (–) nam (–) phi (∪) ba (∪) lō (–) na (∪) gei (–)

Alama kumi na sita, zote sawa. Sasa tazama mshono wa mistari: neno la mtu, an-thrōpou, limekatwa katikati, na neno la ndege, or-nithōn, limekatwa mahali pale pale. Mwindaji na mwindwa wamewekwa kwenye mapigo yale yale.

Endelea hivyo, mstari wa juu dhidi ya mstari wa jibu, ukiandika alama moja juu ya nyingine. Zikigongana, kagua kwanza a, i na y katika kamusi. Zikiendelea kugongana, kagua vipasuo vya hatua ya 4. Bado? Angalia chini ya ukurasa, mahali wahariri wanapoorodhesha tofauti za miswada ya mkono. Mara nyingi utakuta silabi yako iliyogoma imeshajadiliwa pale, kwa sababu mhariri naye aliipima, ikamgomea, akatambua kwamba mnakili alikosea neno.