Emuleta ya konsoli za zamani: anza na gemu moja tu

Watu wengi wanaoniomba niwasaidie na emuleta huja na folda yenye mamia ya gemu, na hakuna hata moja inayochezeka. Sauti inakatika, mhusika anaruka ukiwa umeshabonyeza zamani, gemu ya PlayStation inabaki skrini nyeusi. Walipakua kila kitu siku moja, wakabadilisha mipangilio kumi kwa pamoja, na sasa hawajui kosa liko wapi.

Mimi hufanya kinyume. Nachukua gemu moja ambayo vidole vyangu vinaikumbuka, naiweka sawa mpaka ikae mkononi kama nilivyoizoea, ndipo nafungulia nyingine mlango. Mwongozo huu unafuata njia hiyo, kwa kutumia RetroArch, programu ya bure inayofanya kazi kwenye Windows, Linux, macOS na Android.

Hatua ya 1: Elewa unachosakinisha

Emuleta ni programu inayojifanya konsoli. Gemu inadhani imechomekwa kwenye mashine yake halisi, kumbe inazungumza na programu. RetroArch yenyewe haiigi konsoli yoyote. Ni nyumba: inashughulikia picha, sauti, padi na menyu. Kazi ya kuiga hufanywa na viini (cores), programu ndogo zinazokaa ndani yake, na kila konsoli ina kiini chake, wakati mwingine vitatu au vinne vinavyoshindana. Ukilishika hili mapema utaokoa muda mwingi, kwa sababu gemu ikigoma, swali la kwanza ni kama tatizo liko kwenye nyumba au kwenye kiini.

Kuhusu nguvu ya kifaa, usiogope. Prosesa ya NES, konsoli ya zamani ya Nintendo, ilikwenda kwa megahezi 1.79 tu. NES, SNES, Mega Drive na Game Boy zinachezeka karibu kwenye simu au kompyuta yoyote ya leo. PlayStation ya kwanza, ya mwaka 1994, nayo haina shida kubwa. Nintendo 64, Saturn na Dreamcast ndizo zinazoanza kudai mashine yenye misuli.

Hatua ya 2: Sakinisha na upange folda

Pakua kutoka retroarch.com. Kwenye Windows usiiweke ndani ya Program Files, maana huko mfumo unaweza kuizuia kuandika faili zake. Iache kwenye folda yake moja kwa moja chini ya diski C. Kisha tengeneza folda ya gemu, na ndani yake folda moja kwa kila konsoli. Inaonekana jambo dogo, lakini kuchanganya faili za Mega Drive na za SNES kutakusumbua baadaye utakapotaka programu ikupangie orodha.

Ukifungua RetroArch kwa mara ya kwanza, nenda "Online Updater" usasishe taarifa za viini, wasifu wa padi na hifadhidata. Dakika chache tu.

Hatua ya 3: Pata gemu kwa njia safi

Emuleta kama programu si haramu. Nchini Marekani, mwaka 2000, mahakama ya rufaa iliipa ushindi kampuni ya Connectix dhidi ya Sony katika kesi ya emuleta ya PlayStation. Gemu zenyewe ni habari nyingine: zina hakimiliki, na umri wake hauziondolei. Sheria za kunakili kitu ulichonunua hutofautiana, kwa hiyo soma za unakoishi.

Kama una katriji (kaseti za gemu) zako, vipo visomaji vinavyochomekwa kwenye USB, kama Retrode au GB Operator, vinavyotoa nakala ya kilichomo. Diski ya PlayStation inasomwa na kiendeshi cha kawaida cha DVD cha kompyuta, kwa programu kama ImgBurn. Kama huna kitu, anza na gemu zilizotengenezwa na wapenzi na kutolewa bure. Tobu Tobu Girl ya Game Boy ni mfano mzuri, na inapima vidole vyako hasa, jambo tutakalolihitaji kwenye hatua ya 6.

Hatua ya 4: Chagua kiini, fungua gemu

Kwenye menyu kuu ingia "Load Core", halafu "Download a Core". Utaona orodha ndefu ya kutisha. Hivi ndivyo ninavyotumia mwenyewe: Mesen kwa NES, Snes9x kwa SNES, Genesis Plus GX kwa Mega Drive, Gambatte kwa Game Boy, mGBA kwa Game Boy Advance. Kwa PlayStation, mashine yenye nguvu naipa Beetle PSX HW, simu ya kawaida naipa PCSX ReARMed.

Pakua kimoja tu, cha konsoli ya gemu uliyochagua. Kisha "Load Content", tafuta faili, ifungue. Ikicheza, bonyeza F1 wakati wowote kurudi kwenye menyu. Kwenye simu kuna kitufe chake juu ya skrini.

Hatua ya 5: Padi

Padi nyingi zinatambuliwa zenyewe ukizichomeka. Kinachowachanganya watu ni majina ya vitufe. RetroArch ina padi yake ya kufikirika iliyopangwa kama ya SNES: B iko chini, A iko kulia. Padi ya Xbox ina A chini na B kulia. Kwa hiyo ukibonyeza A ya Xbox, RetroArch inasikia B. Hilo ni sahihi, usilirekebishe. RetroArch inafuata mahali kitufe kilipo, haifuati herufi iliyoandikwa juu yake, na ndiyo sababu gemu za SNES zinakaa vizuri kidoleni hata kwenye padi ngeni.

Jambo moja la kuongeza: weka kitufe cha Select kuwa "Hotkey Enable", ili kuhifadhi au kufungua menyu kuhitaji vitufe viwili kwa pamoja. Bila hivyo, siku moja utabonyeza kwa bahati mbaya katikati ya pambano.

Hatua ya 6: Ondoa uchelewaji

Hapa ndipo ninapotumia muda mwingi kuliko hatua nyingine zote, na ndipo watu wengi huacha mapema. Wanasema gemu "imekuwa ngumu kuliko zamani". Gemu haijabadilika. Kati ya kidole na skrini kumeingia vitu ambavyo televisheni ya bomba (CRT) haikuwa navyo.

Konsoli nyingi za zamani hutoa takriban fremu (picha) 60 kwa sekunde, yaani kila fremu ni kama milisekunde 16.7. Fremu mbili huwezi kuziona kwa jicho. Ongeza mbili za mfumo wa picha na mbili za televisheni, nawe utaanguka shimoni kila unaporuka ukingoni.

Anza na vya nje. Kama unachezea kwenye televisheni, washa hali yake ya gemu, ile inayozima urembo wa picha. Ukitumia spika au vipokea sauti vya Bluetooth, sauti itachelewa na hakuna mpangilio wa RetroArch utakaoiponya. Tumia waya.

Sasa ingia ndani. RetroArch ina kitu kinaitwa "Run-Ahead", na naona ndicho chenye thamani kuliko vyote ilivyo navyo. Gemu nyingi zilikuwa na uchelewaji wake wa kuzaliwa: unabonyeza, gemu inasubiri fremu moja au mbili kabla ya kuitikia, hata kwenye konsoli halisi. Run-Ahead huihifadhi hali ya gemu kimyakimya, huikimbiza mbele fremu kadhaa, hukuonyesha matokeo, kisha hurudi nyuma na kuanza tena. Yote hayo hutokea ndani ya fremu moja. Matokeo yake mhusika anaruka mara tu unapobonyeza.

Lakini usibahatishe namba. Ipime hivi:

1. Fungua gemu mahali mhusika amesimama, na hakikisha Run-Ahead imezimwa.
2. Bonyeza P kwenye kibodi ili gemu isimame.
3. Shikilia kitufe cha kuruka bila kukiachia.
4. Bonyeza K mara moja moja. Kila K inasogeza fremu moja. Hesabu mpaka mhusika aanze kusogea.
5. Toa moja kwenye hesabu hiyo. Akisogea kwenye fremu ya tatu, jibu ni 2.

Nenda "Settings", "Latency", washa Run-Ahead na uweke namba hiyo. Usizidishe. Ukiweka 3 mahali pa 2, gemu itameza fremu: mhusika ataonekana tayari yuko hewani bila kuanza kuruka, na sauti inaweza kuchafuka. Kila gemu ina namba yake, kwa hiyo usiihifadhi kwa programu nzima. Fungua menyu ukiwa ndani ya gemu, ingia "Overrides", uhifadhi kwa gemu hiyo peke yake.

Run-Ahead inadai prosesa ifanye kazi mara kadhaa. Kwa NES na SNES hutaona tofauti. Kwa PlayStation kwenye simu, gemu ikianza kupungua kasi, izime.

Hatua ya 7: Picha

SNES kwa kawaida ilichora nukta 256 kwa 224, na televisheni ilizivuta zijaze umbo la 4:3. Ukiijaza skrini pana yote, duara linakuwa yai. Weka uwiano wa 4:3 na uuache. Michirizi myeusi pembeni haina madhara.

Kama unapenda mwonekano wa televisheni ya zamani, jaribu vichujio vya CRT vilivyomo. Huu si urembo mtupu. Wachoraji wa wakati ule walijua mistari ya televisheni italainisha kazi yao, na baadhi ya vivuli na maporomoko ya maji yanaonekana kama wavu wa nukta mpaka utie kichujio. Kwa simu dhaifu chagua zfast-crt, ni chepesi.

Hatua ya 8: Ukiwa na PlayStation

Konsoli za katriji zilikuwa rahisi. PlayStation inahitaji pia BIOS, programu ya kuwashia konsoli. Beetle inatafuta faili zenye majina kamili: scph5500.bin kwa gemu za Japani, scph5501.bin kwa za Marekani, scph5502.bin kwa za Ulaya, zote kwa herufi ndogo, ndani ya folda ya "system". Skrini nyeusi niliyoitaja mwanzoni, mara nyingi chanzo ni hapa: faili haipo, au jina limekosewa herufi moja.

Nakala ya diski huja kama faili la .bin na faili dogo la .cue. Fungua .cue, siyo .bin. Zikikujazia nafasi, programu ya chdman inayokuja na MAME, emuleta ya mashine za gemu za ukumbini, inazibana kuwa faili moja bila kupoteza kitu, kwa amri hii:

`chdman createcd -i gemu.cue -o gemu.chd`

Gemu ya diski kadhaa iandikie faili la maandishi lenye majina ya diski, moja kila mstari, ulipe jina linaloishia .m3u, kisha fungua hilo. Hapo utaweza kubadilisha diski kutoka kwenye menyu bila kupoteza ulichohifadhi.

Hatua ya 9: Hifadhi maendeleo yako kabla ya kulala

Nilishapoteza saa 40 za gemu moja ya safari ndefu kwa kutojua jambo hili. Kuna kuhifadhi kwa aina mbili. Ya kwanza ni ya gemu yenyewe, ile iliyokaa kwenye betri ya katriji, na RetroArch huiweka kwenye faili la .srm. Ya pili ni picha ya papo hapo ya konsoli nzima: F2 kuihifadhi, F4 kuirudisha.

Ya pili ni tamu, na ndiyo isiyoaminika. Inategemea kiini kilekile, na kiini kikisasishwa inaweza kukataa kufunguka. Tena ukirudisha picha ya wiki iliyopita, inaweza kurudisha nyuma na kumbukumbu ya betri. Itumie kwa mazoezi ya sehemu ngumu. Maendeleo yako yahifadhi ndani ya gemu.

Hata hiyo ya kwanza ina mtego, ndio ulioniuma. Kuhifadhi kwa vipindi kukiwa kumezimwa, RetroArch huandika .srm pale tu unapofunga gemu vizuri. Simu yangu ilizimika kwa kuishiwa chaji, na nilichohifadhi ndani ya gemu mara tatu usiku ule hakikuwa kimefika kwenye diski. Ingia "Settings", "Saving", tafuta "SaveRAM Autosave Interval", hakikisha ni sekunde 10.

Sasa jaribu. Hifadhi ndani ya gemu, subiri nusu dakika, ifunge programu kwa nguvu. Nakili faili la .srm kutoka folda ya "saves" upeleke kwenye kifaa kingine chenye gemu hiyohiyo na kiini hichohicho. Majina ya faili la gemu na la .srm lazima yalingane, tofauti ikiwa tu herufi za mwisho. Fungua. Ukijikuta pale ulipoachia, pakua kiini cha pili na uongeze gemu ya pili.