Namna ya kutunga "unga wa jana", dawa yenye inarudisha wakati mu hadisi ya Goma

Wandugu wenye munaandika hadisi, hii ni yenu. Vijana mingi hapa kwetu wanapenda kuweka dawa ya maajabu yenye inarudisha saa za zamani ao inafungua kumbukumbu, wazo ni muzuri kabisa, lakini ile dawa inatoka fasi haijulikane, iko mu kichupa, inang'aa bluu, mutu anakunywa na anajikuta mwaka mwingine. Musomaji wa Ndosho ao Majengo ataipita tu. Na huku Goma tuko na vitu vyenye vinashika wakati kweli kweli, kwa nini tuende kuazima mbali?

Anza na jiwe. Okota moja la volkano kando ya barabara, leta karibu na macho, utaona limejaa vitundu vidogo vidogo. Ni gesi ile: moto wa mulima wetu Nyiragongo ulikuwa ungali unatiririka, gesi inatafuta kutoka, jiwe likaganda mbele gesi imalize, na vipovu vikabakia palepale. Yani kila kitundu ni dakika moja ya siku fulani yenye ilifungwa. Nyiragongo ililipuka siku nyingi: jiwe la katikati ya muji linaweza kuwa la tarehe 17 Januari 2002, la upande wa Buhene, kaskazini ya muji, la tarehe 22 Mei 2021, ile siku ya posho (Jumamosi) mangaribi. Sasa mu hadisi yako mutu anasaga lile jiwe, linakuwa unga mweusi, anaweka kidogo pa ulimi, na ile dakika inamurudilia. Uko na dawa tayari na haujatoka hata mu kartiye.

Jina usilisumbukie sana, tafuta lenye mama anaweza kuita pa soko bila kujing'ata ulimi. Mimi naiita "unga wa jana", juu naweza kusikia mutu anasema "mama, nipimie unga wa jana wa mia tano".

Fasi ya kukaa muda murefu ni sheria ya ile dawa, na uiandike pa karatasi mbele hadisi ianze. Sheria yenye napenda kuliko zote ni hii: jiwe linakumbuka mambo ya jiwe, halijue mambo yako. Sisi watu kila mara tunapokumbuka kitu tunakijenga upya, tunaongeza, tunapunguza, watu wenye wanasomea mambo ya akili wanajua hivyo kabisa, na mama yeyote mwenye amesimulia safari ya kukimbilia Gisenyi, kule Rwanda, miaka yote hii amebadilisha vitu bila kusema uongo. Jiwe haliongeze kitu. Pale njo vita inaingia mu familia, juu unga utaonyesha ile yenye ilitokea na nyumba nzima iko na ile yenye inasimuliwa.

Mufano tosha: mu 2002 moto ulifunika barabara na maparseli, na watu wakajenga tena juu yake. Weka familia mbili zenye zinagombana mupaka, moja inasema mupaka ulikuwa pa muti wa avoka, ingine inasema hakukuwa muti hata siku moja. Sasa, moto wa volkano ukizunguka muti unaweza kuganda pembeni yake, muti unaungua, na kunabakia shimo lenye umbo la shina. Mwache mutoto wa nyumba apate lile shimo chini ya jikoni yao. Aingize mukono, asikie na vidole alama za ganda la muti pa ukuta wa jiwe, akwangue unga kidogo pa mudomo wa shimo. Chenye ataona baada ya kulamba, hiyo ni kazi yako, lakini naomba isipendeze upande wowote.

Kisha bei, na hapa siongee franga. Dawa yenye haichukue kitu haina uzito. Mimi naweka hivi: ukikula dakika ya jiwe, dakika moja yako inaenda, na hauchague ni gani. Mwanamuke anataka kusikia sauti ya bwana yake mara moja tu, anasikia kweli, bwana anapiga kelele "kamata mutoto!", na anaporudi anajikuta amesimama na bidoni ya maji pa mulango, musichana mudogo anamuita mama, na yeye hajue ni mutoto wa nani. Usilegeze ile bei pa mwisho ili watu wafurahi, utaharibu kila kitu chenye ulijenga.

Weka pia hatari ya kuutafuta. Mawe mazuri yalale mu vibonde vyenye mazuku inajikusanya, na mazuku uiandike vile iko, ni gesi nzito kuliko hewa, haionekane, inalala chini usiku wenye hakuna upepo na asubuhi mapema inaua mbuzi, inaua na watoto. Isiwe uchawi, kuna watu wamezika watoto wao juu ya hiyo. Majina ya wafu wa kweli pia usiyaguse.

Biashara inakuja yenyewe: magunia yanashuka na chukudu, ile kinga ya mbao ya kubebea mizigo, toka Kibati kaskazini ya muji, na wezi hawakose, watachanganya makala iliyosagwa. Mununuzi mwerevu atatupa kidogo mu kikombe cha maji, makala inaelea, jiwe linazama. Kitu kidogo kama hicho kinafanya musomaji aamini yale makubwa.

Kama mawe hayakuvute kuko ziwa, Kivu imeshika gesi chini kabisa, maji ya juu yanaikandamiza na hayachanganyike na ya chini, lakini ile ni hadisi ingine.

Ukimaliza, mupe mutu mwenye alikimbia mu 2002 asome, usimufasirie kitu. Angalia fasi anasimama, umuulize pale tu alikuwa anaona nini. Kama chenye anakuambia ni kizito kuliko chenye uliandika, rudia ile sehemu.