Somo: Mahindi ya nazi bila tui kukatika

Kwa watu wanne: mahindi mabichi 4, nazi 2, kitunguu maji 1, nyanya 2, kitunguu saumu na tangawizi ya kutwanga kijiko cha chai kimoja kimoja, manjano na bizari nyembamba nusu nusu kijiko, pilipili mbichi, ndimu, chumvi.

1. Ukiwa sokoni Mgandini, hapa Tanga, minya punje kwa ukucha. Ikitoa maji meupe, chukua. Ikiwa ngumu kama unga uliokandwa, hindi limekomaa, litakumalizia mkaa bure. Kata vipande vitatu vitatu, chemsha kwa maji na chumvi dakika 20.

2. Zikune nazi. Kamua kwa kikombe kimoja cha maji ya uvuguvugu upate tui zito, weka kando. Chicha irudishie maji vikombe viwili, kamua tui jepesi. Usiyachanganye.

3. Kaanga kitunguu kilainike, tia saumu, tangawizi, manjano na bizari, dakika moja tu. Manjano yasiyokaangwa hubaki na ladha ya ubichi. Nyanya zikishaiva na kurojeka, mimina tui jepesi, mahindi na pilipili nzima. Dakika 15.

4. Hapa ndipo wengi wanapoharibu. Punguza moto kabisa, tia tui zito, koroga pole pole bila kuacha, wala usifunike. Likitokota kwa nguvu, mafuta hujitenga na maji, utaona mabonge meupe yanaelea juu ya maji ya manjano: ndiyo limekatika. Dakika 5 hadi 7 zinatosha. Inua kipande, rojo likishika kwenye punje lisitiririke, epua. Ndimu kamulia baada ya kuepua, maana ukali wake nao hukata tui.

Maswali

Dada, tui la kopo linafaa?
Linafaa, ingawa la kukuna lina harufu nzuri zaidi. Nusu kopo zimua kwa vikombe viwili vya maji, hilo ndilo jepesi. Nusu nyingine iweke ya mwisho.

Langu limeshakatika, nifanyeje?
Epua hapo hapo. Koroga kijiko cha chai cha unga wa ngano kwa maji baridi, tia, rudisha kwenye moto mdogo. Litashikana, ila halitakuwa laini kama lisilokatika.

Yakibaki yanalala?
Kwenye friji, ndiyo. Kesho yake pasha kwa moto mdogo. Mezani hapana, kwa joto la Tanga tui huchacha usiku huo huo.