Labania ya Maziwa yenye Korosho, Tende na Zabibu: Somo la Kuelekea Idi

Labania ni kitamu cha maziwa na sukari ambacho nyumba nyingi za pwani hukiweka kwenye sinia la Idi kando ya visheti na kashata, na ndiyo ndugu wa karibu wa kile ambacho maduka ya Uingereza na Marekani hukiuza kwa jina la fudge. Wengi wetu tumezoea kuipika kwa kumimina maziwa ya unga ndani ya shira. Leo nitafundisha ile ya maziwa ya maji, kwa sababu ikipikwa kwa subira hulainika mdomoni kuliko ile nyingine, na hubeba korosho na matunda bila kumeguka. Tafadhali ipike siku mbili kabla ya sikukuu, si usiku wa kuamkia Idi ambapo kila jiko lina sufuria tatu zinazosubiri.

Utahitaji sukari gramu 450, maziwa yasiyotolewa mafuta mililita 300, siagi isiyo na chumvi gramu 100, korosho gramu 80, tende kavu gramu 60, zabibu kavu gramu 50, na kijiko kimoja cha chai cha iliki iliyotwangwa wakati huohuo. Sufuria iwe nzito na kubwa, kwa kuwa mchanganyiko ukichemka hupanda sana, na maziwa yenye sukari yakimwagikia mkono huunguza vibaya kuliko maji ya moto. Watoto wakae mbali na jiko.

Hatua ya kwanza ni kuandaa vitu vikavu. Kaanga korosho bila mafuta juu ya moto mdogo mpaka zipate rangi ya chai ya maziwa, ziache zipoe kabisa, kisha zikate vipande vya ukubwa wa punje ya mhindi. Toa kokwa za tende na uzikate vilevile. Zabibu zioshwe siku moja kabla na zianikwe, kwa maana unyevu wowote utakaoingia nazo utaifanya labania iwe tepetepe.

Hatua ya pili, weka sukari, maziwa na siagi kwenye moto mdogo na ukoroge mpaka sukari iyeyuke yote kabla mchanganyiko haujaanza kuchemka. Pitisha mwiko kwenye sakafu ya sufuria na usikilize: ukisikia mkwaruzo, sukari bado ipo. Chembe zilizorukia pembeni zifute kwa brashi iliyochovywa kwenye maji.

Hatua ya tatu, ongeza moto kiasi na uache uchemke kwa dakika 20 hadi 30, huku ukipitisha mwiko polepole chini ili maziwa yasishike. Mwenye kipimajoto atafute nyuzi 115 za Selsiasi. Asiye nacho adondoshe tone kwenye bakuli la maji baridi: likikusanyika kuwa kidonge laini kinachobonyea kati ya vidole, epua mara moja.

Hatua ya nne ndiyo inayoharibu labania za watu wengi, nami niliharibu zangu kwa miaka miwili kabla sijaielewa. Ukishaepua, usikoroge. Weka sufuria mahali isipotikiswa, na uiache mpaka uweze kugusa tako lake kwa kiganja bila kuungua, yaani karibu nyuzi 45. Sukari iliyokorogwa ikiwa ya moto sana huanza kuganda mapema, na chembe chache za mwanzo hupata nafasi ya kukua mpaka ulimi unazihisi kama mchanga. Ikikorogwa baada ya kupoa, chembe nyingi sana huzaliwa kwa pamoja, zote ndogo, na hapo ndipo ulaini unapotoka.

Sasa tia iliki na upige kwa mwiko bila kupumzika. Kwa dakika kadhaa utaona kama hakuna kinachotokea. Kisha mwiko utakuwa mzito, rangi itafifia kidogo, na ule mng'ao wa juu utaanza kuondoka; mfereji unaoachwa na mwiko hautajifunga tena upesi. Muda huo ni mfupi mno, kwa hiyo korosho, tende na zabibu ziwe mkononi tayari. Zimwage, geuza mara tatu au nne, mimina kwenye trei ya sentimita 20 iliyopakwa siagi, na usawazishe. Kata ingali na uvuguvugu.

MASWALI YA WANACHAMA

Asalaam aleikum dada. Niko Nairobi, nilifuata nyuzi 115 sawasawa na labania ikawa ngumu kama jiwe. Nimekosea wapi?

Waaleikum salaam. Hukukosea, ila Nairobi iko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na maji huko huchemka kwenye nyuzi 94 hivi badala ya 100. Pima kwanza maji yako yanapochemka, kisha ongeza nyuzi 15. Kwako lengo litakuwa karibu 109. Kidonge kwenye maji baridi hakihitaji hesabu hiyo, kwa hiyo kiamini zaidi.

Yangu imefanya chenga. Je, niitupe?

Usiitupe. Irudishe kwenye sufuria pamoja na robo kikombe cha maziwa, iyeyushe kwa moto mdogo mpaka mkwaruzo uishe, na uichemshe upya mpaka hatua ya kidonge. Korosho na tende zilizokwisha kuingia zitolewe kwa kijiko chenye matundu, kwani zikichemka nayo huungua.

Naweza kutumia nanasi bichi au embe bivu?

Hapana. Yana maji mengi, na ukali wa nanasi huweza kukatisha maziwa. Embe lililokaushwa linafaa sana, likikatwa dogo.

Bibi yangu hali korosho, je karanga zitafaa?

Zitafaa, mradi uzikaange na kuzimenya maganda. Kama bibi anakatazwa korosho kwa sababu humdhuru, mpikie sufuria yake peke yake, kwa mwiko na trei ambavyo havijagusa korosho, na umuulize kwanza kama karanga nazo hazimdhuru.

Hapa Tanga masika imeanza na labania inatoa jasho kwenye sahani. Nifanyeje?

Sukari huvuta unyevu wa hewa. Usiianike wazi: ikishapoa kabisa, funga kila kipande kwenye karatasi ya kuokea, panga kwenye kopo lenye mfuniko unaobana, na utoe zile tu zitakazoliwa wakati huo. Ukiiweka kwenye friji, iache ipoteze ubaridi wake ndani ya kopo kabla hujafungua mfuniko.